Louisville, Kentucky: mtaa aliokulia Muhammad Ali, nyumba bei chee, na benki haitaki kukukopesha

Mpanga_Vifurushi

Wakuu, salaam.

Nipo Louisville mwaka wa kumi sasa, napanga vifurushi usiku pale uwanja wa ndege. Wabeba boksi wenzangu mnaijua hiyo zamu: unaingia usiku mnene, unatoka alfajiri mgongo umekufa ganzi. Lakini uzi huu hauhusu boksi, unahusu nyumba.

Mwaka juzi nilichoka kulipa kodi ya pango, nikaanza kutafuta nyumba ya kununua. Upande wa mashariki wa mji, nyumba ya kawaida ya vyumba vitatu niliyoipenda ilikuwa inatajwa dola 300,000. Nikasogeza ramani kushoto kidogo, nikavuka barabara moja tu, inaitwa 9th Street. Nikakuta nyumba ya tofali, vyumba vitatu, kibaraza mbele, uani mti wa maana. Dola 62,000. Nikafuta miwani nikaangalia tena.

Nikaenda benki, ambayo sitaitaja. Karani kijana, mstaarabu, hata kahawa nilipewa. Akapitia karatasi zangu: mshahara unatosha, rekodi ya kulipa madeni safi. Akauliza nataka kiasi gani. Nikamtajia. Akakuna kichwa. Akasema kwa kiasi hicho hawatoi mkopo wa nyumba.

Nikamwambia kaka, mimi naomba kidogo, sijaomba kikubwa. Akajibu hilo ndilo tatizo, ni kidogo mno. Makaratasi ni yale yale, mthamini ni yule yule, mwanasheria ni yule yule, faida haifiki hata robo. Ningetaka 250,000 tungemalizana mchana huo huo.

Usiku kazini nikamsimulia mzee mmoja tunayepanga naye mstari mmoja, Mmarekani Mweusi, mzaliwa wa huko huko ng'ambo ya 9th. Alicheka mpaka akakaa juu ya boksi. Jumamosi akanichukua kwenye gari lake akanizungusha saa nne nzima. Niliyoyaona na niliyokwenda kuyasoma baadaye ndiyo nataka kuyashusha hapa, kidogo kidogo nikitoka zamu. Msiniharakishe.

Chumvi_ya_Bagamoyo

Siti ya mbele. Nimekuja na karanga.

mtoto_wa_Mbagala

Mkuu usije ukatuacha njiani kama yule wa uzi wa majini.

Kibopa77

Nishajua unapoelekea. Ubaguzi, utumwa, mzungu. Subiri umalize nikujibu.

Mpanga_Vifurushi

Kibopa karibu, kaa hapo hapo.

Mzee alianza kwa kunipeleka upande wa mtaa wa 37, akasimamisha gari akasema hapa palikuwa na kiwanja kilichofika Mahakama ya Juu ya Marekani. Nilidhani ananitania.

Mwaka 1914 jiji la Louisville lilipitisha sheria ndogo: kama sehemu yenu ya mtaa ina Wazungu wengi, Mweusi haruhusiwi kuhamia. Na kwa Weusi vivyo hivyo, Mzungu haruhusiwi, ili ionekane haki kwa wote (hapo ndipo wanasheria wanapokula). Alikuwepo William Warley, mhariri wa gazeti na kiongozi wa tawi la NAACP, chama cha kutetea haki za Weusi. Akapanga mchezo na dalali Mzungu, Charles Buchanan, ambaye naye sheria ile ilimbana kwenye biashara. Warley akakubali kununua kiwanja cha Buchanan, ila kwenye mkataba akachomeka sharti: silipi kama sheria hainiruhusu kuishi pale. Halafu akagoma kulipa. Buchanan akamshtaki.

Mmeona ilivyokaa? Mzungu ndiye anasimama mahakamani kusema sheria ya ubaguzi ni batili, Mweusi ndiye "anajificha" nyuma yake. Tarehe 5 Novemba 1917 majaji wote kwa kauli moja wakaitupa ile sheria.

Sasa hoja iliyoshinda haikuwa kwamba Mweusi ana haki ya kuishi anapotaka. Iliyoshinda zaidi ni haki ya mwenye mali kumuuzia amtakaye. Mzee aliirudia hiyo mara mbili. Mlango ukafunguliwa kwa jina la mwenye mali, na baada ya hapo wenye mali ndio waliokuja kuufunga. Majirani Wazungu wakaanza kuandika kwenye hati zenyewe: nyumba hii haitauzwa kwa Mweusi. Mikataba ya watu binafsi, serikali haipo hapo. Mahakama zikaendelea kuitekeleza hadi 1948.

Naenda kulala. Nimebakiza ramani.

Chumvi_ya_Bagamoyo

Huyo Warley alikuwa na akili ya sungura.

Njeri_wa_Thika

Hii ni tamu. Lakini si walishinda? Nataka kuelewa vile 1917 inafanya nyumba iwe 62,000 leo.

Mpanga_Vifurushi

Dada Njeri, ndiyo nafika huko.

Miaka ya 1930 Marekani ilikuwa taabani, watu wananyang'anywa nyumba. Kabla ya hapo mkopo wa nyumba ulikuwa wa miaka michache tu na mara nyingi utangulize karibu nusu ya bei. Serikali ya Rais Roosevelt ikaunda chombo mwaka 1933, HOLC, cha kuokoa waliokuwa wanazama. Mwaka 1934 ikaunda kingine, FHA, ambacho kinamdhamini mkopaji: ukishindwa kulipa, benki haipati hasara. Kwa dhamana hiyo benki zikalegea, mkopo ukawa wa miaka 20 hadi 30, unatanguliza kidogo. Mfanyakazi wa kiwandani akaweza kumiliki nyumba kwa rejesho linalolingana na kodi ya pango. Tabaka zima la kati la Wazungu limejengwa hapo.

HOLC ikachora ramani za miji zaidi ya 200, Louisville ikiwemo. Kijani ni daraja la juu, bluu linafuata, njano linashuka, nyekundu ni hatari. Wathamini walijaza fomu kwa kila eneo, na kwenye fomu kulikuwa na sehemu ya kuandika Weusi ni asilimia ngapi. Ramani ya hapa unaipata mtandaoni, ichungulie mwenyewe. Sehemu za magharibi walikoishi Weusi, hasa mtaa wa Russell na kandokando yake, ni nyekundu tupu. Mwongozo wa FHA nao uliwaambia wathamini waziwazi kwamba jamii mbili kuchanganyika mtaani ni kitu cha kushusha thamani.

Januari 1937 mto Ohio ukafurika, sehemu kubwa ya mji ikazama na magharibi kulikuwa bahari. Wazungu wenye uwezo wakaanza kukimbilia mashariki kwenye mwinuko, na mikopo ya kujenga huko ipo, imedhaminiwa na serikali. Mweusi aliyezamishiwa nyumba yake pale Russell akienda benki anaonyeshwa rangi.

Njeri, jibu lako ndilo hilo. Kila miaka 30 upande wa mashariki mkopo unakwisha, nyumba inabaki, inarithiwa, inauzwa, inasomesha mtoto chuo. Magharibi watu walikuwa wanalipa pango miaka hiyo hiyo 30.

Mchumi_Mstaafu

Naomba kuchangia kwa adabu. Ramani za HOLC zinabebeshwa mzigo mkubwa kuliko wake. HOLC yenyewe iliwakopesha Weusi, na mikopo yake mingi ilitoka kabla ramani hazijachorwa. Wapo wachumi na wanahistoria wanaoonyesha kwamba maeneo yale yalikuwa yameshakuwa duni na tayari yametengwa na madalali, mabenki na mikataba ya majirani. Ramani iliandika kilichokuwepo. Mkosaji mkubwa zaidi ni FHA, iliyokuwa na taratibu zake yenyewe tangu siku ya kwanza. Nayasema haya kwa sababu vijana wanaonyeshwa ramani yenye rangi wanadhani karani mmoja na kalamu nyekundu ndiye aliyefanya yote.

Mpanga_Vifurushi

Mzee wangu, nimekuelewa na nakubali. Niliisoma ramani kama mwizi, kumbe ni kama picha ya mwizi. Nirekebishe hivi: FHA ndiyo iliyoshika fedha, na ilikuwa na sababu zile zile za waliochora ramani.

mtoto_wa_Mbagala

"Picha ya mwizi" 😂 mkuu umelala kweli?

Kibopa77

Haya zamu yangu. Wakuu tuache unafiki. Hapo hapo Louisville wamejaa Wakongo, Warundi, Wasomali, Wanepali. Wamekuja na begi moja moja, Kiingereza hawajui, leo wana nyumba, wana maduka, wana malori. Hawa ndugu zetu Weusi wa West End, huko ng'ambo ya 9th, wana pasipoti ya Marekani tangu kuzaliwa. 1917, 1934, 1937, hiyo ni historia. Ubaguzi wa nyumba ulipigwa marufuku 1968. Miaka zaidi ya 50! Baba yangu alihama Singida na jembe. Kila mtu ana mafuriko yake.

Chumvi_ya_Bagamoyo

Kibopa na jembe la Singida. Kila uzi.

Mama_Furaha_KY

Shikamoo wakubwa, vijana marahaba. Mimi ni mmoja wa hao Wakongo anaowasema Kibopa. Nimetokea kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, nikafikia Louisville, naishi South End na wanangu wanne. Huku kwetu jengo zima Kiswahili: ukishuka ngazi Kiswahili, dukani Kiswahili, watoto shuleni wanakaripiwa waache Kiswahili.

Tulipofika, wiki ya kwanza tu majirani walituambia: msivuke mtaa wa Tisa. Hakuna aliyesema kwa nini. Tukadhani kuna vita, maana sisi tukiambiwa msivuke, hatuvuki. Miaka nane sijavuka. Na kweli nilikuwa nasema kama Kibopa, kwamba wale ni wavivu. Hata sijui nilimwona nani akiwa mvivu, kwa sababu sijawahi kuvuka.

Mpanga_Vifurushi

Mama, marahaba yako nimeipokea kwa mikono miwili. Umenikumbusha kitu ambacho mzee alinionyesha kuelekea mwisho wa ile safari, ila lazima nipitie kwanza kwa Wade. Kibopa, hii ni 1954, wewe baba yako yu hai wakati huo.

Andrew Wade alikuwa fundi umeme, Mweusi, alitumikia jeshi la majini vita vya pili. Ana mke, Charlotte, ana binti wa miaka miwili, na fedha anazo. Kila nyumba nzuri nje ya mji akifika dalali anasema imeshachukuliwa. Akamwendea Mzungu mmoja mwandishi wa habari, Carl Braden, na mkewe Anne: naomba mninunulie kwa jina lenu kisha mnihamishie hati. Wakakubali. Mei 1954, mwezi ule ule Mahakama ya Juu ilipopiga marufuku ubaguzi mashuleni, familia ya Wade ikaingia kwenye nyumba yake kitongoji cha Shively.

Usiku wa kwanza kwanza huo dirisha likapigwa jiwe, msalaba ukachomwa kiwanja cha jirani, risasi zikapigwa nyumbani. Tarehe 27 Juni nyumba ikalipuliwa kwa baruti. Bahati hakuna aliyekufa, mtoto hakuwepo siku hiyo.

Sasa nani alifungwa? Aliyelipua hakuna aliyeshtakiwa. Alifungwa Carl Braden. Mwendesha mashtaka alisema ni njama ya wakomunisti kuleta vurugu, wakapekua vitabu kwake, wakampa miaka 15 kwa kosa la uchochezi. Alikaa ndani miezi kadhaa hadi dhamana ikapatikana, na hukumu ikafutwa 1956. Familia ya Wade ikarudi kuishi West End.

Mzee wangu alikuwa mtoto mdogo. Anasema nyumbani kwao baba yake alikuwa na fedha ya kununua nje ya mji na hakuthubutu kuitaja tena. Hiyo fedha ilinunua nyumba West End, mtaa ambao Wazungu walikuwa wanaukimbia kwa sababu wao wameingia. Madalali wakawa wanapita kwa Wazungu: uza haraka, Weusi wanakuja, bei itaanguka. Wananunua kwa bei ya hofu, wanamuuzia Mweusi kwa bei ya shida, maana yeye hana pengine pa kwenda. Alinunua ghali nyumba iliyokuwa inaanza kushuka. Haikupanda tena.

Njeri_wa_Thika

Ngai. Aliyelipuliwa nyumba ndiye rafiki yake anafungwa.

Kibopa77

Hii ya Wade sikuijua. Lakini bado 1968.

Mpanga_Vifurushi

Twende 1968 basi, ila tupitie 1967.

Mama Furaha, hapo South End unapopangisha, hapo ambapo ukishuka ngazi ni Kiswahili: majira ya kuchipua ya 1967 Weusi waliandamana huko huko usiku baada ya usiku, wakidai jiji lipitishe sheria kwamba mtu asinyimwe nyumba kwa rangi. Mchungaji A.D. King, mdogo wake Martin Luther King, alikuwa na kanisa hapa na alikuwa mmoja wa viongozi. Kaka mtu alikuja pia. Muhammad Ali alikuja kuwaunga mkono, wakati huo huo kesi yake ya kukataa kwenda Vietnam inamwandama. Makundi ya Wazungu yalijaa barabarani huko South End yakiwapiga kwa mawe na chupa, na polisi waliwakamata waandamanaji kwa mamia. Desemba mwaka huo jiji likakubali. Machi 1968 jimbo la Kentucky likafuata, la kwanza Kusini kote. Aprili, King ameuawa, wiki moja baadaye ikapita sheria ya nchi nzima.

Sheria ile inakataza kumnyima mtu nyumba kwa rangi yake, na pia kwa nchi aliyotoka. Mkongo wa Nyarugusu anapangishwa South End leo kwa kifungu hicho. Mawe walipigwa wao.

Mzee aliniambia haya tumesimama kwenye taa za barabarani kusini huko, mbele yetu duka limeandikwa "unga, dagaa, kadi za simu". Akaniuliza hayo maneno yanasemaje.

Mama_Furaha_KY

Hilo duka nalijua. Nanunua dagaa hapo.

Chumvi_ya_Bagamoyo

Naweka karanga chini.

Mchumi_Mstaafu

Ndugu Kibopa ana hoja moja tusiyoipita, kwamba sheria ipo zaidi ya miaka 50. Sheria ilizuia kosa jipya. Haikurudisha fedha. Uchunguzi wa serikali wa mwaka 2022 kuhusu mali za kaya Marekani unaonyesha kaya ya Kizungu ya katikati ina mali ya takriban dola 285,000, ya Weusi takriban 45,000. Kwa watu wa kawaida mali hiyo kubwa ni nyumba. Mhamiaji anayeanza na sifuri leo anaanza kwenye soko lililo wazi kisheria. Hilo ni tofauti na kuanza mwaka 1934 kwenye soko lililofungwa, halafu mjukuu wako arithi kilichopatikana humo.

Shabani_Ilala

Mnaongea Louisville mimi naona Dar. Uzunguni, Uhindini, Uswahilini, na katikati wakaacha uwanja wa Mnazi Mmoja ili pumzi zisichanganyike. Hiyo 9th Street ni Mnazi Mmoja yao?

Mpanga_Vifurushi

Shabani, kwa macho ni hivyo hivyo, ila 9th Street haikuachwa wazi. Ilitengenezwa kwa kubomoa.

Kulikuwa na barabara inaitwa Walnut Street. Waliomzidi umri mzee wangu wakiitaja wanabadilika sura. Sinema, vilabu vya muziki, madaktari, mafundi viatu, magazeti, kampuni ya bima ya Weusi wenyewe, Mammoth Life, iliyoanza 1915. Fedha iliyokataliwa mjini ilizunguka pale. Mwaka 1957 wapiga kura wa jiji waliidhinisha fedha za "kuhuisha mji", na miaka ya 1960 Walnut ikaangushwa karibu yote, pamoja na nyumba za Russell. Mpangaji hakulipwa kitu cha maana, mwenye duka alilipwa bei ya jengo chakavu, biashara haikuhesabiwa. 9th Street ikapanuliwa, njia za kutokea barabara kuu zikamwagwa pale. Leo kuivuka kwa miguu na mtoto ni kazi.

Walnut yenyewe ilibadilishwa jina 1978, ikaitwa Muhammad Ali Boulevard. Mzee anasema: walitupa jina la barabara baada ya kubomoa vilivyokuwa pembeni. Nilicheka peke yangu.

Dogo_Janja_254

Na Ali kwao ni wapi hapo? Babu yangu hulia akiona ile video ya Kinshasa '74.

Mpanga_Vifurushi

Grand Avenue namba 3302, nyumba ndogo ya mbao, ya waridi. Nimesimama mbele yake. Nyumba za majirani zimetunzwa vizuri, vibaraza vina viti, watu wanakusalimia. Nasema hivyo kwa sababu hata mimi nilitegemea magofu. Magofu yapo, mitaa mingine nyumba mbili zina watu, ya tatu imepigwa mbao madirishani. Lakini mtu anayesema West End "hakuna kitu" hajashuka kwenye gari.

Kusini-magharibi yake kando ya mto kuna ukanda wa viwanda vya kemikali, wenyewe wanauita Rubbertown, vilianza na mpira wa kutengeneza wakati wa vita vya pili. Upepo ukigeuka unanusa. Na joto: mitaa iliyopakwa nyekundu haina miti kama ya kijani. Utafiti wa 2020 kwenye miji 108 ya Marekani ulikuta maeneo mekundu yana joto zaidi kwa wastani wa nyuzi 2.6 kuliko maeneo yaliyopendelewa. Ripoti za afya za jiji hili zinaonyesha umri wa kuishi kati ya baadhi ya mitaa ya magharibi na ya mashariki unapishana zaidi ya miaka 10. Mji mmoja, meya mmoja.

mtoto_wa_Mbagala

Na shule? Nasikia Marekani shule inategemea kodi ya nyumba za mtaa, kwa hiyo mtaa maskini shule maskini.

Mpanga_Vifurushi

Majimbo mengi ndivyo. Hapa sivyo kabisa, tangu 1975 wilaya ya shule ni kaunti nzima, na watoto walipakiwa mabasi kuchanganywa kwa amri ya mahakama. Mabasi yalipigwa mawe pia, na watoto Weusi ndio walisafirishwa miaka mingi zaidi. Sitaki kulitia hilo kwenye kapu moja na nyumba, lina uzi wake.

Narudi kwenye 62,000 kwa sababu ndiyo iliyonileta. Benki haikopeshi kiasi kidogo. Kwa hiyo anayeweza kununua ni mwenye taslimu. Mwenye taslimu mara nyingi ni kampuni ya mbali, inapangisha, haipaki rangi. Wewe ukitaka kukarabati nyumba yako mwenyewe, ukarabati ni 90,000, mthamini anasema ikikamilika itakuwa na thamani ya 80,000 kwa sababu majirani zimeuzwa bei hiyo. Benki inakataa, na kwa hesabu zao hawajakosea. Nyumba inachakaa, bei inashuka, mthamini wa kesho anaiandika hiyo bei. Yule karani aliyenipa kahawa hakuwa na ubaguzi hata chembe, nina hakika. Hakuhitaji kuwa nao.

Kibopa77

Hapo umenipiga ngwala, nakubali. Hesabu inajiendesha yenyewe.

Ila nabaki na langu moja: mtu lazima ajitume.

Chumvi_ya_Bagamoyo

Mzee wa watu yuko zamu ya usiku uzeeni, ajitume vipi tena?

Njeri_wa_Thika

Sasa hivi kuna mabadiliko yoyote ama ni vile vile?

Mpanga_Vifurushi

Yapo. Pale Beecher Terrace, nyumba za serikali walizojengewa Weusi mwanzoni mwa miaka ya 1940, zimebomolewa zikajengwa mpya kwa msaada wa serikali kuu wa karibu dola milioni 30 na fedha nyingine. Novemba 2024 ilifunguliwa hospitali ng'ambo ya 9th, ya kwanza kwa zaidi ya miaka 150.

Mzee anafurahi kwa jicho moja. Tangu ujenzi uanze, kwenye nguzo za umeme pamejaa vibao, "Tunanunua nyumba, taslimu, ilivyo". Anapigiwa simu kila wiki. Miaka 60 hakuna aliyeitaka nyumba ya baba yake, sasa anaambiwa auze kabla haijapanda. Mtaa wao nyumba nyingine hati bado ina jina la bibi aliyefariki zamani, wosia hakuandika, warithi saba wako majimbo matano, na aliyebaki humo hawezi kupata hata msaada wa kuezeka paa. Hao ndio wa kwanza kuondoka.

Dogo_Janja_254

Na wewe ulinunua wapi mwishowe?

Mpanga_Vifurushi

Nilijua mtaniuliza.

Nilinunua nje kidogo, upande wa kusini. Dola 215,000. Mkopo ulitoka siku 31. Kwa mwezi nalipa zaidi ya mara tatu ya ambayo ningelipa kwenye ile ya tofali. Ile ilichukuliwa na kampuni kwa taslimu, nimeiona inapangishwa kwa kodi inayokaribia rejesho langu.

Mzee alikuja kuitazama yangu, akaleta mche wa mti wa tini kama zawadi. Akaniuliza majirani wakoje. Nikasema wazuri, wamenikaribisha kwa keki. Akasema, "Keki?" Akanyamaza mpaka tukaupanda ule mti.

Mama_Furaha_KY

Baba Vifurushi, binti yangu mkubwa amepewa kazi ya shule kuhusu historia ya mji. Nimemsomea uzi huu jana usiku, sasa anataka picha za Walnut. Zinapatikana wapi, au za kulipia?

Mpanga_Vifurushi

Bure mama. Nendeni maktaba ya Western. Ilianza 1905, ya kwanza ya aina yake nchi hii, maktaba ya umma ya Weusi iliyoendeshwa na Weusi wenyewe, na jengo la 1908 bado ndilo wanalotumia. Wana kumbukumbu za mitaa yote niliyoitaja. Mwambie binti aulize kwa mkutubi, wanapenda sana watoto wanaouliza.

Mama_Furaha_KY

Asante. Iko upande gani?

Mpanga_Vifurushi

Kona ya 10th na Chestnut. Mkitokea mjini mkishavuka 9th ni mtaa unaofuata tu. Vukieni kwenye taa, magari pale hayana huruma.

Mama_Furaha_KY

Jumamosi basi.